Maxime, Katwila na ukoo wa makocha wa Manungu

KATIKA kandanda la Tanzania, mchezaji wa mkoani anapong'ara, mashabiki huwa na swali moja tu: anakwenda Msimbazi au Jangwani? Jibu la tatu, yaani kubaki alipo, halijazoeleka, na anayelitoa huonekana ama hana tamaa ama hajui thamani yake. Ndiyo maana historia ya Mtibwa Sugar, klabu ya mashamba ya miwa ya Turiani mkoani Morogoro, ina sura ya pekee. Klabu hiyo imepoteza wachezaji wengi kwa vigogo wa Dar es Salaam, lakini kwa miaka mingi ilikuwa na hazina nyingine ambayo vigogo hao hawakuihangaikia sana. Hazina hiyo ni wachezaji wake wa zamani, waliotundika daluga na kugeuka walimu.

Majina mawili yanaibeba historia hiyo kuliko mengine. La kwanza ni Mecky Maxime, beki wa kulia na nahodha. La pili ni Zuberi Katwila, kiungo. Wote wawili waliivaa jezi ya Mtibwa, na wote wawili wakawa makocha wakuu wa klabu ile ile. Maxime ndiye aliyekuwa maarufu zaidi uwanjani. Makombe makubwa ya benchi, hata hivyo, yalimwangukia Katwila.

Kwanza, jiografia kidogo. Msafiri anayefika mjini Morogoro huipokea milima ya Uluguru kabla hajaupokea mji wenyewe, na Uwanja wa Jamhuri, ambao Mtibwa imeutumia mara kadhaa kama uwanja wa nyumbani, uko chini ya kivuli cha milima hiyo. Nyumbani kwa Mtibwa hasa si hapo. Ni Manungu, katika Wilaya ya Mvomero, kiasi cha kilomita 100 kutoka mjini, ambako milima inayoonekana si Uluguru tena bali Nguru. Huko uwanja umezungukwa na miwa, na timu ni mali ya kiwanda cha sukari. Mashabiki huiita 'Wakata Miwa'.

Morogoro haikuanza kucheza mpira na Mtibwa. Mwaka 1975 Mseto ya Morogoro ilitwaa ubingwa wa Tanzania Bara, na baadaye Reli ikajipatia jina la 'Kiboko ya Vigogo' kwa tabia yake ya kuwasumbua wakubwa. Mtibwa ilianzishwa mwaka 1988, ikapanda hadi ligi kuu mwaka 1996, na baada ya miaka mitatu tu ikawa bingwa wa nchi. Ilitwaa taji la 1999 na kulitetea mwaka 2000.

Uzito wa mataji hayo mawili unaonekana zaidi leo kuliko wakati ule. Tangu hapo hadi kumalizika kwa msimu wa 2024/25, kombe la ligi limetoka mikononi mwa Simba na Yanga mara moja tu, pale Azam FC ilipolichukua katika msimu wa 2013/14. Azam ni klabu ya Dar es Salaam yenye tajiri wake. Hakuna timu nyingine ya mkoani iliyorudia walichokifanya wakata miwa.

Nahodha

Maxime alitokana na enzi hiyo. Kwa zaidi ya muongo mmoja jina lake halikutenganishwa na jezi ya Mtibwa, na kutoka Manungu alipanda hadi kuwa nahodha wa timu ya taifa, Taifa Stars. Hilo peke yake lilikuwa jambo la kusimulia. Kitambaa cha unahodha wa taifa kwa kawaida hakivaliwi na mtu anayecheza mbali na Dar es Salaam, na mbali na kamera.

Kipindi chake cha unahodha kiliangukia katika safari ya kuwania fainali za Mataifa ya Afrika za 2008, chini ya kocha Mbrazili Márcio Máximo. (Wakati huo nahodha Maxime na kocha Maximo waliwasumbua sana wahariri wa kurasa za michezo, na hata wasomaji.) Stars ilipangwa na Senegal, Burkina Faso na Msumbiji, na wengi waliitabiria kuburuza mkia. Septemba 2006 iliifunga Burkina Faso mabao 2-1 jijini Dar es Salaam. Ilichapwa 4-0 na Senegal ugenini, ikalazimisha sare ya 1-1 na Wasenegali hao jijini Mwanza Juni 2007, na wiki mbili baadaye ikashinda 1-0 mjini Ouagadougou. Matumaini yalizimwa na Msumbiji, iliyoshinda 1-0 Dar es Salaam Septemba 8, 2007. Stars haikufuzu, lakini ile ndiyo kampeni iliyoirudisha timu hiyo mioyoni mwa Watanzania baada ya miaka mingi ya kukata tamaa.

Mtu wa hadhi hiyo angeweza kuhama. Katika Ulaya, uaminifu wa aina hii huimbwa: Paolo Maldini aliichezea AC Milan peke yake katika ligi kwa robo karne na akatukuzwa kwa hilo. Lakini ikumbukwe kuwa Maldini alikuwa mwaminifu kwa klabu tajiri yenye makombe ya Ulaya. Kuwa mwaminifu kwa Turiani ni jambo jingine. Huko hakuna gazeti linalokuweka ukurasa wa mbele kila Jumatatu, na fedha za usajili hazilingani hata kidogo na za mjini.

Baada ya kustaafu, Maxime alipewa timu. Hapo ndipo mtu anapouona utaratibu wa Mtibwa ulivyofanya kazi. Klabu haikuwa na ubavu wa kuajiri makocha wa kigeni kila msimu kama wafanyavyo wakubwa, hivyo ilimtazama mchezaji mwenye nidhamu na anayeijua Manungu, ikamsogeza benchi kwanza kama msaidizi, naye akapanda ngazi za leseni za ukocha za Shirikisho la Soka Afrika (CAF) huku akifanya kazi. Salum Mayanga, kocha aliyeitumikia Mtibwa kwa vipindi tofauti, alikuwa sehemu ya mzunguko huo huo.

Timu ya Maxime ilikuwa nzuri. Ilikuwa na vijana wenye kasi, na mara mbili mfululizo ilifika fainali ya Kombe la Mapinduzi visiwani Zanzibar. Januari 2015 ilitoka suluhu na Simba na kupoteza kwa mikwaju ya penalti. Januari 2016 ilirudi Uwanja wa Amaan na kufungwa 3-1 na URA ya Uganda. Fainali mbili, medali mbili za fedha.

Katikati ya mwaka 2016 timu ile ilivunjika. Shiza Kichuya, Muzamiru Yassin na Mohamed Ibrahim walihamia Simba kwa mpigo. Kichuya ndiye aliyefunga kwa penalti bao la ushindi la Simba dhidi ya Mbao FC katika fainali ya Kombe la Shirikisho mwaka 2017 mjini Dodoma. Maxime naye aliondoka, akaenda Kagera Sugar ya Bukoba, timu nyingine ya kiwanda cha sukari. Kwa mtu ambaye maisha yake yote ya uwanjani yalifahamika kwa jezi moja, hilo lilikuwa badiliko kubwa. Lakini kocha hana anasa ya mchezaji. Ajira yake ni ya matokeo, na mara nyingi ni ya msimu mmoja mmoja.

Bukoba alifanikiwa mara moja. Kagera ilimaliza nafasi ya tatu katika msimu wa 2016/17, nyuma ya Yanga na Simba, naye akachaguliwa kocha bora wa ligi. Kilele chake kilikuja Mei 19, 2018. Simba ilikuwa imekwisha kutwaa ubingwa bila kupoteza mchezo hata mmoja, na Rais John Magufuli alifika Uwanja wa Taifa kuikabidhi kombe. Kagera ya Maxime iliharibu sherehe kwa bao 1-0 lililofungwa na Edward Christopher, na kipa mkongwe Juma Kaseja akaokoa penalti ya Emmanuel Okwi. Simba ikapokea kombe ikiwa imefungwa mbele ya mkuu wa nchi.

Kiungo

Huku Manungu, kiti cha Maxime kilikaliwa na Mayanga, na Katwila akawa msaidizi wake. Januari 2017 Shirikisho la Soka Tanzania (TFF) lilimteua Mayanga kuinoa Taifa Stars kuchukua nafasi ya Charles Boniface Mkwasa. Mwaka huo huo Mayanga aliipeleka Stars kwenye michuano ya COSAFA nchini Afrika Kusini, akawatoa wenyeji kwa bao 1-0 katika robo fainali na kurudi na nafasi ya tatu. Mtibwa kwa mara nyingine haikutafuta mbali. Ilimpandisha kiungo wake wa zamani.

Katwila hakuwa na jina la Maxime. Hakuingia kazini kwa mbwembwe, na hata wakati timu yake ilipokuwa ikishinda, waandishi walikuwa na mazoea ya kumtaja baada ya kutaja idadi ya wachezaji waliouzwa. Alirithi kikosi kilichopunguzwa nguvu, akakijenga kwa mchanganyiko wa wazee na vijana waliotoka timu ya vijana ya klabu. Mzee wa kikosi alikuwa Shaaban Nditi, kiungo na nahodha, ambaye aliwahi kwenda Simba na kurudi nyumbani. Miongoni mwa vijana walikuwamo Salum Kihimbwa, Kibwana Shomari na Dickson Job, nahodha wa Serengeti Boys iliyocheza fainali za Afrika za vijana chini ya umri wa miaka 17 nchini Gabon mwaka 2017.

Katika Kombe la Shirikisho la msimu wa 2017/18, Mtibwa iliitoa Azam kwa penalti katika robo fainali na kuivuka Stand United katika nusu fainali. Juni 2, 2018, wiki mbili tu baada ya Maxime kuinyamazisha Simba mbele ya Rais, Katwila aliingia Uwanja wa Sheikh Amri Abeid jijini Arusha kuikabili Singida United. Timu hiyo ilikuwa imejengwa chini ya Mholanzi Hans van der Pluijm, kocha aliyekwisha kuipa Yanga ubingwa. Mtibwa ilishinda 3-2. Tangu michuano hiyo irejeshwe katika msimu wa 2015/16 hadi 2025, hakuna klabu nyingine nje ya Simba, Yanga na Azam iliyolibeba kombe hilo.

Ushindi huo uliibua deni la zamani. Mwaka 2003 Mtibwa ilishindwa kusafiri kwenda Afrika Kusini kurudiana na Santos ya Cape Town katika michuano ya Afrika, na CAF iliifungia na kuitoza faini. Miaka 15 baadaye, tiketi ya kurudi Afrika ilipopatikana Arusha, suala hilo lilifufuka na ililazimu kulimaliza kwanza. Hatimaye Mtibwa ilicheza Kombe la Shirikisho la CAF: iliitoa Northern Dynamo ya Shelisheli kwa jumla ya mabao 5-0, kisha ikatolewa na KCCA ya Uganda kwa jumla ya 5-1. Tofauti ya viwango dhidi ya Waganda ilikuwa wazi, wala hakukuwa na haja ya kutafuta visingizio.

Kabla ya hapo, Agosti 18, 2018, Mtibwa ilikuwa imecheza mechi ya Ngao ya Jamii na Simba jijini Mwanza na kufungwa 2-1. Bao la pili la Simba lilifungwa na Hassan Dilunga. Miezi miwili na nusu nyuma Dilunga alikuwa mchezaji wa Katwila. Kwa mtu anayetaka kuelewa kazi ya ukocha Manungu ilikuwa kazi ya namna gani, mechi ile inatosha: unamfundisha kijana, anakupa kombe, kisha msimu unaofuata anakufunga akiwa na jezi nyekundu.

Kisha ikaja Zanzibar. Januari 2020, katika Kombe la Mapinduzi, Mtibwa iliitoa Yanga kwa penalti katika nusu fainali na kukutana na Simba katika fainali ya Januari 13. Ulikuwa uwanja ule ule wa Amaan na mpinzani yule yule aliyemnyima Maxime miaka mitano kabla. Bao la Awadh Salum katika kipindi cha kwanza lilitosha. Mtibwa ilitwaa taji hilo kwa mara ya pili baada ya lile la 2010, na Katwila akawa amewafungasha virago Yanga na Simba ndani ya wiki moja kwa kikosi ambacho gharama yake isingetosha kulipa nusu ya benchi la mmoja wao. Hiyo nusu ni makadirio ya mwandishi, lakini sidhani kama yapo mbali na ukweli.

Kuondoka na kurudi

Kombe la Zanzibar lilificha ugonjwa. Katika ligi Mtibwa ilikuwa ikishuka, na msimu wa 2019/20 iliumaliza kwa kujinasua karibu na shimo. Oktoba 2020, msimu mpya ukiwa bado mchanga, Katwila aliachia ngazi na kujiunga na Ihefu ya Mbarali mkoani Mbeya. Kibwana Shomari alikuwa amekwisha kwenda Yanga, na Januari 2021 Dickson Job akamfuata. Klabu iliyozoea kujiajiri yenyewe ikaanza kutazama nje: alikuja Mnyarwanda Thierry Hitimana, baadaye Mkameruni Joseph Omog aliyewahi kuipa Azam ubingwa. Msimu wa 2020/21 Mtibwa ilibaki ligi kuu kwa mechi za mchujo dhidi ya Transit Camp. Mayanga aliitwa tena. Baada yake akaja Habibu Kondo.

Katwila huko Mbarali alionja yote. Ihefu ilishuka daraja mwaka 2021, ikapanda mwaka 2022, na Oktoba 4, 2023 aliiongoza kuifunga Yanga, mabingwa watetezi, kwa mabao 2-1 katika Uwanja wa Highland Estates. Ndani ya mwezi huo huo yeye na Ihefu wakaachana. Kuifunga Yanga hakumhakikishii kocha mshahara wa mwezi unaofuata.

Novemba 2023 Mtibwa ilikuwa mkiani, na ikampigia simu mtu wake. Katwila alirudi Manungu. Safari hii hapakuwa na Nditi wa kutuliza katikati, wala kundi la vijana waliokua pamoja. Kulikuwa na timu iliyobadilishwa mara nyingi mno na ratiba isiyosubiri mtu. Msimu wa 2023/24 ulipomalizika Mtibwa ilikuwa ya mwisho, ikashuka daraja pamoja na Geita Gold. Miaka 28 ya ligi kuu mfululizo ilikatika, na aliyekuwa benchi ni yule yule aliyeleta kombe kutoka Arusha.

Wapo waliomlaumu. Hoja yao si ya kupuuzwa, kwani kocha aliyekubali kazi amekubali na matokeo yake, na Katwila alikuwa na zaidi ya nusu msimu mkononi. Lakini timu iliyokuwa ikiponea chupuchupu kwa miaka minne haikuharibika katika miezi sita. Utaratibu wa kumlea mchezaji, kisha kumlea kocha, ulifanya kazi pale ulipoachwa ufuate mkondo wake bila kukatizwa. Kumwita mwana wa nyumbani moto ukiwa umefika darini ni jambo jingine kabisa. Wala uaminifu wa mtu mmoja hauwezi kuziba pengo la wachezaji kumi waliouzwa.

Maxime kwa upande wake aliifundisha Kagera kwa muda mrefu kuliko ilivyo kawaida kwa kocha wa ligi hii. Alihamia Ihefu, klabu ambayo Katwila alikuwa ametoka, na msimu wa 2024/25 alikuwa Dodoma Jiji. Kwa hiyo njia za wawili hawa zimeendelea kupishana: kiti anachokiacha mmoja, baada ya muda hukaliwa na mwingine.

Mtibwa haikukaa sana daraja la pili. Katika msimu wa 2024/25 ilitwaa ubingwa wa Ligi ya Championship na kurejea ligi kuu pamoja na Mbeya City. Kocha aliyekuwa na timu katika msimu huo wa kupanda ni Awadh Juma, kiungo wa zamani wa Simba na wa Mtibwa yenyewe. Msimu huo huo, Kagera Sugar ilishuka.